Kijiti Kikavu Katika Kahawa ya Mama

Ndege wadogo wakikusanyika juu ya tawi moja na kupiga kelele bila kuruka, mimi husimama. Juzi hapa Bwera walianza nyuma ya jiko langu, mjukuu wangu akacheka kuona bibi ameganda na sufuria mkononi. Nyinyi msinicheke. Kelele hiyo niliisikia kwanza kule Kyondo, nikiwa mtoto ambaye hata meno ya mbele sikuwa nayo.

Ilikuwa msimu wa kuchuma kahawa. Miti ya mama ilikuwa mirefu, kwa hiyo dada yangu Biira aliivuta chini kwa fimbo yenye ndoano, akaitupa fimbo, akashika shina lililopinda ili mama achume. Mgongoni alimbeba mdogo wetu Thembo, amelala. Mimi, Kabugho, kazi yangu ilikuwa kuvunja vijiti vikavu vya kahawa, kuni za chakula cha mchana. Mtoto wa kwetu akiona kijiti kikavu, mkono hutangulia macho.

Ndege wakaanza kelele juu ya vichwa vyetu. Nami nikaona kijiti kizuri cha kijivu, kimetokeza karibu na shavu la Biira. Nikanyoosha mkono.

"Kabugho, rudisha mkono," mama akasema. Hakupaza sauti.

Kijiti kikatoa ulimi mwekundu, ncha nyeusi.

Nyoka wa mitini tuliwajua. Yule wa kijani, mwembamba, hukimbia kabla hujamwona vizuri. Tulimwacha aende kwa vyura wake. Huyu wa kijivu, ambaye ndege humpigia kelele, hakimbii. Hunyoosha shingo hewani kama tawi lililokufa, akingoja mjusi apite. Mama alituambia sumu yake haina haraka, na dawa yake hakuna aliyewahi kuiona.

Biira angeachia shina, lingeruka na kumtupa nyoka usoni pake, au kwa Thembo. Mikono yake ikaanza kutetemeka, majani yakatetemeka nayo. Shingo ya nyoka ikavimba.

Afande mmoja, jirani yetu, aliyekuja kutafuta ndizi, akaingia shambani na panga. Naye tulisema Kiswahili cha kuokoteza, si lugha yetu ya nyumbani.

"Mama, toka hapo. Mimi nakata hiyo kitu mara moja."

"Afande, hapana. Ukikata, mti itaruka. Mutoto iko mgongoni."

"Sasa utaiangalia tu?"

"Tutaiangalia. Na wewe simama kama mti."

Afande, aliyezoea kuamuru watu, akasimama kama mti.

Kisha mama akasema, kama mtu anayepiga soga, "Biira, nitajie watoto wa shangazi yako wa Bwesumbu."

"Mama, mikono yangu..."

"Nitajie."

"Masika. Baluku. Biira."

Kwetu majina hufuata mpangilio wa kuzaliwa, kwa hiyo kila nyumba ina Masika wake na Baluku wake, na kuwataja bila kuwachanganya kunataka kichwa kilichotulia. Mama akamhamisha kutoka nyumba hadi nyumba, huku akiinua ile fimbo polepole, mpaka ikaegemea tawi la nyoka upande mmoja na mti mkubwa wa kivuli uliokuwa kando upande wa pili. Kwa majina walikuwa wamefika Katunguru, kwa mjomba, nyoka alipoijaribu fimbo kwa ulimi, akaipanda, akapotea ndani ya majani ya ule mti wa kivuli.

Biira akaachia shina kidogo kidogo, kisha akaketi chini. Thembo hakuamka.

Mimi nilinuna. Majina yale niliyajua kumpita Biira, na mama hakuniuliza hata moja. Nilimwona mama mgumu pia: mwanawe yumo hatarini, yeye anauliza habari za mashangazi.

Nilihitaji kuzaa wa kwangu ili nijue kwamba mama aliishika ile mikono kwa majina, maana hakuweza kuishika kwa mikono yake. Na uso wake, nakumbuka sasa, ulikuwa karibu na nyoka kuliko wetu sote.

Juzi mjukuu wangu aliponyoosha mkono kwenye lile tawi nyuma ya jiko, nilimwambia aushushe, halafu anitajie wajomba zake. Alianza akicheka. Alipofika kwa Thembo, mwanangu mwenye jina la mdogo wangu, alikuwa akitazama nilipotazama.