Nilimtetea Muuaji Kabla Filamu Haijaanza

Mimi nilisoma hadi darasa la tatu tu, kwa hivyo mnicheke polepole.

Mjukuu wangu Mumbua ameigiza kwenye filamu ya upelelezi. Vijana wa hapa Machakos waliitoa kwenye kitabu, wakajitengenezea wenyewe na kamera ya kuazima. Mumbua ndiye mpishi anayemtilia tajiri sumu kwenye uji. Aliniambia mimi bibi yake, "Susu, usiambie mtu mimi ndiye muuaji."

Nikadhani anaona haya. Bado hajaolewa, na watu wa hapa wako na midomo. Basi nikaamua kumsafishia jina mapema. Nikaambia akina mama wa kanisa, wauza mboga, hata fundi wa viatu: "Mkimwona akitia sumu, msimchukie. Anaigiza tu."

Siku ya kuonyeshwa, ukumbi ulijaa watu wangu. Yule mpelelezi akazunguka saa nzima, mara anashuku mlinzi, mara dereva. Nilichoshwa na ujinga wake. Mwishowe akauliza, "Ni nani alimuua?" Ukumbi mzima ukamjibu, "Si ni mpishi."

Mwenye filamu akasimamisha picha, akawasha taa. "Nani amewaambia? Hiyo ndiyo siri ya filamu yote."

Mumbua akanitazama mimi moja kwa moja. "Susu?"

Kabla sijafungua mdomo, Mama Kioko anayeuza mboga za sukuma akasimama nyuma yangu. "Usimkasirikie susu yako," akamwambia. "Alizunguka soko lote akitueleza, ndio tusikuchukie."