Achari Tamu ya Bi Mwahija

Hafsa alipoolewa Kilwa Kivinje alikuta nyumba ya mkwewe ina majiko mawili. Moja la chakula cha kila siku, jingine la uani, lenye mlango na kufuli. Hilo la uani lilikuwa la achari.

Bi Mwahija, mama wa mumewe, alikuwa na jina kwa achari tamu ya matango. Harusi ya watu wanaojiheshimu, Kivinje mpaka Masoko, haikukamilika bila chupa zake kando ya sinia la pilau: vipande vyembamba vya rangi ya manjano, vikali kidogo, vitamu zaidi, ambavyo hata vikikaa mwaka mzima bado vinakatika kwa mlio mdomoni.

Hafsa alitoka Likawage, kwa wakulima. Matango aliyajua tangu yakiwa ua. Hilo halikumsaidia kitu, kwani kwa Bi Mwahija mtu wa Likawage ni mtu wa porini hata akioga mara tatu kwa siku. Mbele ya wageni alimwita mwanangu. Wageni wakishatoka alimwita huyu. Mumewe, Twalib, alikuwa mpishi kwenye kambi moja huko Songo Songo, akirudi wiki moja kwa mwezi, na wiki hiyo nyumba ilikuwa asali tupu.

Mwaka wa tatu wa ndoa, Bi Mwahija alimwita uani.

"Wifi yako Saida anaolewa mwezi ujao. Achari ya harusi utatengeneza wewe, watu wapate kukujua."

Hafsa alifurahi, akajifunga kanga kiunoni. Akafundishwa taratibu, kama mtoto anayefundishwa alifu kwa kijiti. Kata matango na vitunguu vyembamba. Nyunyiza chumvi, acha saa tatu yatoe maji, suuza, kamua. Chemsha siki na sukari, tia bizari, mbegu za haradali na karafuu chache. Tumbukiza matango, yasiive, yabadilike rangi tu. Jaza chupa, funga.

"Siki uichanganye na maji, nusu kwa nusu," alisema Bi Mwahija, "isije ikawakereketa watu."

"Na chupa, Mama, nizichemshe?"

"Za nini? Zioshe kwa sabuni, yatosha. Ukizichemsha matango yatalegea kama mlenda."

Hafsa akajaza chupa thelathini, akazipanga chini ya kitanda, na kila asubuhi alikuwa akiinama kuzitazama.

Siku ya harusi wanawake walikuwa wamejaa uani. Chupa ya kwanza alipewa Bi Tawakali, shangazi wa bwana harusi. Alipogusa kifuniko tu kikaruka, povu likammwagikia kifuani, na harufu ya kitu kilichochacha ikatambaa juu ya pilau. Wakafungua ya pili. Ile ile. Ya tatu.

Bi Mwahija akapita katikati ya wanawake bila haraka. Akachukua kipande, akakinusa, akakirudisha.

"Mniwie radhi jamani. Nilimfundisha kwa mikono yangu hii. Lakini mkono uliozoea jembe, mtaufanyaje?"

Wanawake wakacheka. Kisha Bi Mwahija akafungua kufuli la jiko lake, akatoa chupa thelathini za kwake, safi, zinang'aa. Kwa aibu aliyokuwa nayo, Hafsa hakujiuliza zilikuwa zimetengenezwa lini. Tangu siku hiyo mtaa mzima ukamwita Bi Povu. Akienda kisimani, Bi Povu. Akienda msibani, sogea Bi Povu akae.

Aliyemfumbua macho ni Consolata, mwanamke wa Kimakonde mwenye mgahawa Masoko, aliyelelewa na masista na kujifunza kwao kuhifadhi matunda na mboga kwenye chupa. Hafsa alimpelekea matango ya kwao, maneno yakafuata maneno, akamsimulia habari ya harusi.

"Hukuzichemsha baada ya kuzijaza?" Consolata aliuliza. "Na siki ukaizimua kwa maji?"

"Ndivyo nilivyofundishwa na mkwe."

Consolata aliacha kupanga sahani. "Dada, mimi hununua achari ya mkweo. Nimefungua chupa iliyokaa mwaka, haina hata tone la povu. Siki yake ni kali na chupa zake zimechemshwa. Yeye anajua."

Hafsa alirudi nyumbani, akapika ugali, akampakulia mkwewe, akamnawisha mikono. Lakini kila siku ya gulio alikwenda kwa Consolata, akajifunza kutandika kitambaa ndani ya sufuria, chupa zisigonge chini, kuchemsha chupa zilizojaa, na kutega sikio chupa zikipoa mpaka kila kifuniko kitoe mlio wake mdogo wa kunyonywa ndani.

Mwaka uliofuata kisukari kilimwangusha Bi Mwahija. Kidonda cha mguuni kikakataa kupona, mguu ukakatwa chini ya goti. Ufunguo wa jiko la uani ukawa wa Hafsa.

Siku ya kuruhusiwa hospitalini, daktari aliwaambia Hafsa na mkwewe: "Sukari apunguze sana. Ila kipande kimoja cha kitu anachokipenda, siku moja moja, si neno. Asikate tamaa."

Nyumbani Twalib akauliza daktari amesemaje.

"Amekataza kabisa," alisema Hafsa. "Hata kuonja."

"Hakusema hivyo," alisema Bi Mwahija kitandani. "Alisema kipande kimoja si neno. Nimesikia kwa masikio yangu."

Twalib alimtazama mamake, akamtazama mkewe aliyekuwa amepiga magoti akibadilisha kitambaa cha kidonda. "Mama, huyu ndiye anayekuosha na kukulisha. Usimsingizie."

Hafsa akakihamishia kitanda cha mkwewe kwenye dirisha la uani, apate hewa. Chupa za Hafsa hazikutoa povu tena, oda zikarudi, na kila wiki mvuke wa siki, sukari na karafuu uliingia dirishani na kukaa chumbani. Bi Mwahija aliletewa ugali wa mtama na mchicha. Mwanzo alitukana. Baadaye akaomba. "Hafsa, mwanangu, kipande kimoja," na hapakuwa na mgeni wa kumsikia. Hafsa alimfuta mdomo, akamwambia, "Nakutakia uhai, Mama."

Ilikwenda hivyo karibu mwaka. Kisha asubuhi moja, akimwogesha, Hafsa aliona mbavu za mgongoni, zimetokeza kama za samaki mkavu, na moyo ukamlegea. Akaenda jikoni, akarudi na kipande kimoja kwenye kisahani.

Bi Mwahija alikitazama muda mrefu.

"Si ulisema yataniua?" aliuliza. "Sasa unaniletea ya nini? Umechoka kuniuguza?"

Hafsa alifungua mdomo. Neno moja tu lilihitajika, kwamba kipande kimoja si neno, na neno hilo hakuweza kulitamka. Mkwewe akageukia ukutani. Hafsa akasimama na kisahani mpaka mkono ukachoka, kisha akatoka nacho.

Bi Mwahija hakuomba tena. Alikufa baada ya wiki saba. Msibani Twalib alilia, akasema mbele ya watu kwamba hajaona mkwe aliyetunzwa kama mamake. Wanawake wakaitikia, hata Bi Tawakali.

"Mungu atakulipa, mwanangu," alimwambia Hafsa, akimshika mkono.

"Amina," alisema Hafsa, akaingia ndani kuwatengea chai.