Nilivyoidai Pikapu Yetu Mahakamani Bukoba

Mume wangu alipofariki aliniachia shamba la migomba na kahawa huko Muleba, na pikapu moja ya kijani. Mimi nilikuwa mwalimu wa shule ya msingi, siku nzima niko darasani, kwa hiyo gari nilimkabidhi shemeji yangu, mdogo wa marehemu, awe anapeleka ndizi sokoni Bukoba.

Siku moja polisi walimsimamisha njiani, pale Kemondo. Walipoinua mikungu walikuta madebe mawili ya enkonyagi, ile gongo yetu ya ndizi, yamefunikwa kwa majani ya migomba. Shemeji alikiri kosa, akafungwa, na hakimu akaamuru pikapu itaifishwe kwa kuwa ndiyo iliyobeba. Kesi ilikwisha kabla sijajua kwamba imeanza.

Mama mkwe alitaka ninyamaze. "Serikali imeshachukua," aliniambia. "Ukienda kule utamtaja mwanangu tena, na jina letu litazidi kuchafuka."

Nilimsikiliza mpaka akamaliza. "Mama, nitakwenda," nikasema. "Gari lile ni la wajukuu wako."

Jumamosi nilikwenda gerezani. Njia nzima nilikuwa nikipanga maneno ya kumgombeza shemeji, lakini nilipomwona amenyolewa, amekonda, nikayaacha.

"Mimi nilijua?" nikamwuliza.

"Hukujua, shemeji. Nilikuwa nayapakia nikishaondoka kwako."

"Utayasema hayo mbele ya jaji?"

"Nitayasema."

Karani wa mahakama alikuwa amenieleza kwamba naweza kumwomba jaji wa Mahakama Kuu aupitie uamuzi ule. Wakili sikuwa naye. Niliandika ombi kwa mkono wangu, kurasa tatu, nikalipeleka mwenyewe. Kisha nikangoja. Kila likizo nilikwenda Bukoba kuuliza, na karani alianza kutikisa kichwa hata kabla sijamsalimu. Nikitoka hapo nilipita kituo cha polisi kuiangalia pikapu. Nyasi zilikuwa zimefika milangoni. Mara moja niliona taa ya mbele imeng'olewa, nikaingia ndani na kudai waandike kwamba imepotea ikiwa mikononi mwao. Waliandika, kwa kununa.

Hatimaye jaji akaja Bukoba kusikiliza kesi. Wakili wa serikali alisimama akasema, "Mheshimiwa, huku kila nyumba ina pombe. Mama huyu hawezi kutuambia kwamba hajui harufu yake."

Watu wakacheka. Nikasimama.

"Lubisi, pombe yetu ya ndizi isiyokatazwa, naijua, Mheshimiwa. Ilinywewa kwenye harusi yangu, na hakuna aliyekamatwa. Madebe yale sikuyaona. Siku ile nilikuwa nafundisha, na daftari la mahudhurio ninalo hapa. Mahakama imechukua mali yangu bila kuniuliza hata swali moja."

Shemeji aliletwa na askari. Alisema aliyoyaahidi, wala hakujitetea. Jaji aliandika kwa muda mrefu, kisha akaeleza kwamba sheria inamnyang'anya gari mwenye gari aliyejua au aliyekubali tu, na kwamba mtu hawezi kupokonywa mali yake bila kusikilizwa. Akaamuru nirudishiwe.

Sikulia pale. Nililia kituoni nilipopewa funguo, kwa sababu gari lilikataa kuwaka. Betri ilikuwa imekufa na magurudumu mawili hayana upepo. Tulilifunga kamba nyuma ya lori la kijiji cha ujamaa jirani, likavutwa mpaka nyumbani. Mama mkwe alitoka, akalizunguka mara mbili, kisha akaenda kuchota maji akaanza kuliosha.

Shemeji alipofunguliwa alikuja kuniomba funguo. Nilimkatalia. Gari nilikuwa nimempa dereva mwingine, mzee asiyeonja pombe. Shemeji alinuna wiki nzima, halafu asubuhi moja nikamkuta shambani, ameshika panga, anapunguza majani ya migomba. Nikampelekea chai hukohuko.