Ngoma ya Mzee Hushang

Anicet Byamungu alikuwa Mkongo wa Uvira, mrefu, mpole, kazi yake kukata nyama kiwandani. Jirani yake pale Crystal, mji wa ugenini alikohamia, Mwirani mmoja, Mzee Hushang, ndiye aliyemtia kwenye nyumba ya nguvu, wenyewe huita zurkhane. Ni ghala tu, limechimbwa shimo la pembe nane, mlango mfupi kusudi kila aingiaye ainame. Wanaume hushuka shimoni, hugusa chini na kubusu vidole, kisha huzungusha marungu ya mbao mabegani. Mzee hukaa juu na ngoma. Hakuna atuaye rungu ngoma haijakoma. Kazi ya mpiga ngoma ni kumwangalia aliyechoka kuliko wote, akome kwa ajili yake.

Basi, baridi ilipoingia, daktari akamwambia Anicet moyo umepanuka, aache vizito. Mkewe Bernardine akamjia juu.

"Baba Gentille, docteur alisema nini? Unataka nikuzike kwenye hii barafu?"

"Mama Gentille, nitashika madogo. Na Mzee anatuangalia."

Hapo alimficha mkewe jambo. Anicet ndiye aliyekuwa akimpeleka Mzee kwa daktari wa macho, na macho yale yalikwisha kuzima. Watu wa shimoni hawakuambiwa, isipokuwa Rigobert, rafiki yake.

Jumapili moja Mzee alichangamka, akauliza Mkongo ameshika nini leo. Mtu akamjibu, ameshika madogo.

"Mkongo! Hayo marungu au vijiko vya chai?"

Watu wakaangua kicheko. Anicet naye akacheka, akachukua makubwa.

Ngoma ikaenda, ikaenda. Midomo ya Anicet ikawa ya kijivu. Rigobert, aliyekuwa ubavuni pake, akamnong'oneza, "Tua, kaka!"

"Nikitua yeye bado anapiga, watajua haoni. Utamvua nguo mzee wa watu?"

Huko kwao aibu ya mzee husitiriwa hata kwa mgongo wako. Lakini moyo hauna adabu hiyo. Akaanguka kifudifudi, na ngoma ikaendelea juu yake, mpaka makelele yakamfikia Mzee. Kwa hiyo walijua wote.

Baada ya mazishi Mzee alikuja kwa mfiwa, akishikwa mkono. Bernardine hakumlaumu. Aliuliza jambo moja tu, binti yake Gentille akalitafsiri kwa Kiingereza: mume wangu alianguka vipi?

Mzee akajibu maneno machache. Gentille akamgeukia mama yake.

"Mama, anasema hakuona."