Bakuli la Mlinzi

Jua halijachomoza, na sufuria kubwa ya Oqila Rahmatova inatokota uani. Analizamisha kapu la zabibu kwenye maji ya magadi, analiinua upesi likichuruzika, kisha anazimwaga mkekani.

"Ukizubaa kidogo tu umepika uji," anasema.

Pembeni amelala Yolbars, mbwa mweupe mwenye kichwa kikubwa kama mtungi. Anafungua jicho moja, anaona ni mwandishi wa habari tu aliyekuja kuwatembelea, analifumba.

"Mtazame sultani huyo," anacheka Oqila. "Mwaka jana nusura tumzike. Na wauaji tungekuwa sisi wenyewe."

Oqila, mwenye miaka hamsini na sita, anakausha zabibu tangu aolewe hapa Gulbogh, kijiji cha Uzbekistani kilicho chini ya milima. Mikono yake imebabuka kwa magadi. Mvua moja ya ghafla wakati wa kuanika, na mavuno ya mwaka mzima yameoza. Mbweha nao hushuka usiku kula zabibu shambani.

Zamani aliyewafukuza ni baba mkwe wake, Mzee Tursunboy, aliyekuwa akilala shambani kiangazi kizima. Na katika nyumba hii, zabibu kavu za kwanza haonji mtu mpaka mlinzi apewe bakuli lake. Mzee alipofariki, Yolbars akarithi shamba. Akarithi na bakuli.

"Mama mkwe alisema anayelinda ndiye anayekula kwanza," anaeleza Oqila. "Nani ambishie?"

Mwaka wa kwanza Yolbars alizinusa tu, akaenda zake. Mwaka jana Bibi Hursanoy, mama mkwe huyo, akaona mlinzi anaonewa, akazichanganya na mafuta ya mkia wa kondoo. Lo! Mbwa alilamba mpaka bakuli likang'aa.

Hiyo ilikuwa asubuhi. Baada ya chakula cha mchana akaanza kutapika, zabibu zikitoka zimevimba. Alasiri akakataa mfupa. Jioni punda wa jirani akapita mlangoni, na Yolbars hakubweka.

"Hapo ndipo moyo ulinipasuka," anasema Oqila. "Yule punda ni adui yake wa damu!"

Mumewe, Mirzohid, alisema ni joto tu. Bibi Hursanoy akaleta mtindi. Oqila hakungoja. Alimpigia simu Sanobar Yusupova, daktari wa mifugo wa kijiji cha pili, naye akafika na mkoba wake.

"Kala nini?" aliuliza Sanobar.

Oqila akamtazama mama mkwe wake.

"Mama zangu, nauliza mbwa kala nini?"

"Zabibu kidogo," alijibu Bibi Hursanoy. "Ni haki yake."

"Kidogo kiasi gani?"

"Bakuli."

"Mungu wangu! Bibi, zabibu ni sumu kwa mbwa."

"Nenda zako, binti! Mbweha wanatumalizia zabibu kila mwaka na hawafi. Mbweha na mbwa si ndugu?"

"Bibi, umewahi kuhudhuria mazishi ya mbweha?"

Mirzohid alicheka, kisha akaona haya.

Sanobar anasema mbwa mmoja hula asidhurike, mwingine huangushwa na chache, na hakuna awezaye kujua mapema nani ni nani. Kutapika huanza baada ya saa chache, kwa kawaida siku hiyohiyo. Mbwa hulegea, hukataa chakula. Kisha, siku moja hadi tatu baadaye, figo zinaweza kusimama na mkojo ukakauka.

"Watu husubiri waone kama atapona mwenyewe," anasema. "Wakiniita, figo zimeshakwenda."

Alitundika chupa ya maji ya dawa juu ya mzabibu, mrija wake ukashuka hadi mguuni mwa Yolbars. Kesho yake nyumba nzima ilikaa pale ikisubiri kitu kimoja tu, mkojo.

"Sijawahi kumwomba Mungu mkojo," anasema Oqila. "Siku ile nilimwomba."

Bibi Hursanoy hakula. Alikaa na bakuli la marehemu mumewe mapajani, akilia, akisema amemuua mlinzi wa mzee.

Asubuhi iliyofuata Yolbars akasimama akipepesuka. Akamwendea Mirzohid aliyekuwa amesinzia, akainua mguu, akamlowesha kiatu mpaka soksi.

"Nilipiga vigelegele!" anasema Oqila. "Majirani wakadhani tumepata mjukuu."

"Wote wanashangilia, mimi nimelowa," analalamika Mirzohid. "Hata kitambaa sikuletewa."

Leo mkeka wa kwanza wa msimu umekauka, na Sanobar amealikwa. Oqila anasema mwakani atawaita majirani wote wenye mbwa, wamsikie daktari kabla ya kuonja chochote. "Mimi nimebahatika. Sitaki mwenzangu ajifunze kwa kuzika."

Bibi Hursanoy anatoka na mabakuli mawili. La bati lina mkate na mafuta ya mkia, analiweka mbele ya Yolbars. La pili ni lile la mzee, limejaa zabibu hadi ukingoni. Anampita mwanawe, anampita Oqila, anasimama mbele ya Sanobar.

"Kula, binti yangu."

"Lakini bibi, mimi sijalinda shamba."

"Umemlinda mlinzi. Kula, wenzio tuna njaa!"

Sanobar anatia zabibu moja mdomoni, machozi yakimlengalenga. Ndipo mikono ya wengine wote inanyooka bakulini.