Pua ya Mama na Majina ya Utomvu

Mimi ni mwalimu wa kemia katika sekondari moja mjini Manyoni, na nina ubishi ambao mume wangu anasema ningewakodishia mawakili. Kitu ninachokipenda kuliko vyote katika somo langu ni majina. Wanafunzi wanayachukia. Nikiandika jina refu ubaoni darasa zima linaguna kama ng'ombe wanaosukumwa joshoni, nami nafurahi, maana najua kabla ya kengele kulia kuna mmoja atakayeanza kuyapenda.

Chukua utomvu wa mti wa paini. Ukilijeruhi gome, unatoka ule unato unaoganda na kunukia mpaka kwenye nguo. Sehemu kubwa ya harufu ile ni kitu kinachoitwa alfa-pinini. Ndani yake kuna kaboni na haidrojeni, basi, hakuna mgeni mwingine, ndiyo maana tunakiita hidrokaboni. Jina kimepewa na mti wenyewe. Ndugu yake limonini amepewa na limau. Ukoo wao mzima unaitwa terpini, na jina hilo limetokana na tapentaini, ile dawa fundi rangi anayochanganyia rangi ya mafuta. Hayo ni majina ya nyumbani. Pinini akienda mbele za watu ana jina lake la cheti: linaanza na mbili-sita-sita-traimethili, linapita kwenye baisaiklo, linamalizika na mkia wa "ini". Mtoto wa darasa langu akilisoma polepole anaweza kulichora umbo lake bila kuliona: matawi matatu yamekaa hapa, pete mbili zimeshikana pale, na kiungo kimoja ni maradufu. Mimi huona raha isiyo na kifani. Kuna majina ya watu ambayo hayakuambii hata kama mwenyewe ni mrefu au mfupi.

Wanafunzi wakitaka kunikomoa huniuliza kwa nini kitu kama pinini, chenye vipande viwili vya isoprini, lile tofali linalojenga terpini zote, kinaitwa monoterpini, wakati mono ni moja. Nawaambia ukweli. Waliotoa majina walianzia kwa pinini na wenzake, wakadhani hao ndio wadogo wa ukoo. Baadaye ikajulikana kuna kipande kidogo zaidi, nusu yao, lakini jina lilikuwa limeshazoeleka. Mtoto akishaitwa jina na ukoo umeshakula pilau, humbadilishii.

Mama yangu hajasoma kemia, lakini aliishi kwa pua. Nyumbani kwetu ni Issuna. Pale maziwa huwekwa kwenye kibuyu, na kibuyu hakioshwi kwa sabuni. Unakisuuza kwa maji ya moto, unakianika, halafu unawasha kijiti cha mti maalumu, na kaa lake likiwa jekundu unalisugua ndani mpaka moshi ujae. Ule moshi unayalinda maziwa na kuyapa harufu ambayo mtu wa kwetu akiikosa siku nyingi anakuwa mnyonge bila kujua sababu. Ujuzi wote uko kwenye kujua pa kuachia. Ukisugua kidogo maziwa yanapooza, ukizidisha yanakuwa machungu. Mama alikuwa anaingiza pua kwenye mdomo wa kibuyu, anafumba macho, anasema, "Tayari." Majirani wenye harusi walikuwa wanamletea vibuyu vyao.

Mwaka juzi alipata mafua makali. Yakaisha, akaamka, akaenda shamba, tukashukuru Mungu. Hakutuambia kwamba yalipoondoka yaliondoka na harufu zote za dunia. Mama yangu ni Mnyaturu wa zamani, ugonjwa usiotoa damu wala kumlaza mtu kitandani hauhesabu kuwa ugonjwa.

Tulikuja kujua siku tulipokusanyika kumwona mtoto wa kwanza wa kaka yangu. Mama alikuwa amefukiza vibuyu mwenyewe, akatumiminia maziwa kwenye vikombe, akasimama kutuangalia kama afanyavyo siku zote. Nikapiga funda la kwanza. Mungu wangu! Nilihisi nimelamba bomba la moshi la lori. Nikamtazama kaka, naye akanitazama, akameza. Wifi yangu, mzazi wa juzi tu, alikunywa macho yakiwa chini. Kwetu mtoto hamwambii mama yake kwamba maziwa yake yameharibika, na mkwe ndiyo kabisa, ni afadhali amwage chumvi kwenye chai ya askofu. Tukanywa. Mama akauliza, "Niwaongeze?" Kaka yangu, kwa woga, akasema ndiyo.

Aliyetuokoa ni mtani wetu, mama mmoja wa Kinyamwezi anayeshona nguo pale sokoni. Aliingia na zawadi ya mtoto mkononi, akapewa kikombe, akanywa, akayatema yote mlangoni.

"Nyie Wanyaturu!" akapaza sauti. "Mmeona kuniroga mmeshindwa, sasa mnaninywesha lami ya barabara ya Dodoma?"

Mtani hana adabu, na hiyo ndiyo kazi yake. Tulicheka mpaka kaka akakaa chini. Mama naye alicheka, tena sana. Halafu akatuzungushia macho mmoja mmoja.

"Kwa hiyo nyote mlijua ni machungu?"

 Ndipo akatueleza kuhusu pua yake. Alisema kwamba uji ukiungua haujui mpaka auone. Sabuni, kahawa, mvua ya kwanza, vyote vimekuwa kama maji. Kisha akaketi, akampakata tena yule mtoto, akasema taratibu, "Nimempakata mjukuu wangu tangu asubuhi na sijui ananukiaje. Watoto wangu wote niliwajua kwa harufu kabla sijazijua sura zao. Huyu ni kama nimeonyeshwa picha yake tu."

Mimi hulia kirahisi nikikasirika, na siku ile nilimkasirikia kila mtu, kuanzia mafua.

Tulimpeleka hospitali. Daktari akasema pua inaweza kufundishwa upya: anuse vitu vichache vyenye harufu kali, vilevile, asubuhi na jioni kwa miezi, na kila akinusa akumbuke kitu hicho kilivyokuwa kinanukia. Hakuahidi kitu. Lakini kumwambia mwalimu kwamba kuna kiungo cha mwili kinachofundishika ni kumpa kazi. Nikaona ni ukoo wangu wa terpini umeitwa shambani.

Nikakusanya vichupa. Utomvu wa paini niliupata kwenye miti ya pale shuleni. Ubani alinipa mama mdogo wa Singida mjini, aliyeolewa na Mwislamu na akaupokea ubani pamoja na ndoa. Maganda ya limau yalikuwepo. Kitu cha nne kilikuwa utomvu tulioukwangua kwenye miti ya uzio wetu wenyewe, ile ambayo mbuzi wakijisugua inanukia boma zima. Kaka yangu, kwa kutaka naye aonekane, akaleta bonge la gundi ya mgunga linalong'aa kama asali. Nikamweleza kwamba gundi ile ni ndugu wa sukari, inayeyuka kwenye maji na haina harufu ya kumfundisha mtu, tofauti na utomvu. Akasema sawa, akaila.

Mama alitaka na karafuu. Nikakataa.

"Karafuu inanukia kuliko vyote hivi," akasema.

"Ndiyo mama, lakini harufu yake kubwa ina oksijeni ndani yake. Mimi nakupa hidrokaboni tupu."

"Na mimi sihitaji oksijeni? Nivute nini, moshi wa sigara?"

Daktari hakusema neno lolote kuhusu oksijeni, huo ulikuwa ubishi wangu mwenyewe. Nilitaka darasa lililonyooka. Karafuu ikaingia kwenye kichupa cha tano.

Basi tukaanza, kila asubuhi kabla ya chai, tumekaa kwenye vigoda nje ya jiko. Kwa kuwa hakusikia kitu nilimpa majina, ili walau akili iwe na pa kushika. Aliyapenda kuliko wanafunzi wangu wote. Nilimwambia kwamba ukoo ule huhesabiwa kwa isoprini, wengine wana vipande viwili, wengine vitatu, wengine vinne, na kwamba wadogo ndio wanaoruka hewani upesi na kufika puani, wakubwa ni wazito, wanabaki wameng'ang'ania kwenye utomvu.

"Kama watoto na wazee," akasema. "Na huyu wa vipande vinne, nimwamkie shikamoo?"

Akawa anawasalimia kweli. Anafungua kichupa: "Habari za asubuhi, limonini." Ananusa, anasubiri, anafunga. "Hajaitika." Kwenye ule wa paini alisema anahisi kitu kinamkuna ndani ya pua, lakini harufu hapana. Mimi nikashangilia. Yeye akasema hata pilipili inakuna.

Likizo ikaisha, nikarudi Manyoni. Kazi ya kukaa naye aliichukua mtani, bila kuombwa. Kila asubuhi kabla ya kwenda kwenye cherehani alipita nyumbani, ananusa yeye kwanza, halafu anamsimulia mama harufu kwa matusi. Ubani ulikuwa "kanisa lenu siku mmepaka rangi na padre amechelewa." Utomvu wa uzio ulikuwa "mbuzi wa Kinyaturu aliyeoga kwa ajili ya posa." Mama alinipigia simu akicheka kwa pumzi za kukatika, nami nikauliza lile swali langu, kama amesikia harufu yoyote, na jibu likawa lilelile, bado.

Ikaenda hivyo mpaka mahindi yakavunwa. Halafu zikapita simu mbili tatu ambazo mama hakucheka. Siku moja alisema, "Mwanangu, tuache. Hii pua imekufa, tuizike na tuendelee na maisha. Kuna watu hawana macho." Nikashindwa kubishana, mimi! Nikasikia sauti ya mtani nyuma yake ikifoka, "Wanaochimba kaburi la Mnyaturu ni watani zake, na mimi sijashika jembe. Fungua kichupa, mama."

Akafungua. Nilimsikia akivuta pumzi, kisha akakata simu kwa sababu ugali ulikuwa motoni.

Likizo fupi ilipofika nilipanda basi kwenda nyumbani. Niliposhuka barabarani sikuona bodaboda hata moja. Ikapita pikapu inatoka mnadani imejaa mbuzi, dereva akanionea huruma, na kwa kuwa mbele kulikuwa kumejaa nikapanda nyuma. Nilisimama katikati ya mbuzi, na beberu mmoja mwenye ndevu nzuri akaona mimi ndiye nguzo ya kujisugulia. Nilifika nyumbani nimechoka, nina vumbi, sketi imelowa sijui nini.

"Shikamoo mama."

"Marahaba mwanangu, karibu, karibu." Akanikumbatia kwa nguvu. Kisha nikahisi mikono yake imelegea. Akarudi nyuma hatua moja, akanitazama usoni, akasogea tena, akaleta pua shingoni kwangu kama anayetafuta kitu alichokiangusha.

"Wewe," akasema. "Mbona unanuka beberu?"

Hakuna aliyewahi kunitukana vizuri namna ile.  Nilianza kulia na kucheka pamoja, nikamwambia aseme tena.

"Unanuka! Unanuka beberu, na mafuta ya gari, na jasho! Mtoto wa watu, mwalimu mzima!" Machozi yalikuwa yanamtoka. Alininusa nywele, akaninusa kiganja, akanigeuza akaninusa mgongoni, kila mahali anakunja uso na kucheka. Wifi alitoka ndani na mtoto kiunoni kuona kuna nini, nami nikanyoosha mikono kumpokea.

Mama akanipiga kofi mkononi. "Usimguse mjukuu wangu na uchafu huo."

Akamchukua yeye. Akamkalisha mkononi, akaweka pua kwenye utosi wake, akafumba macho.  Kaka yangu aliyekuwa anapasua kuni alisimama na shoka lake. Mama alivuta pumzi ndefu, akakaa nayo, akateremka taratibu mpaka sikioni, shingoni, kwapani, mtoto akicheka kwa kutekenywa. Nilikuwa nasubiri aseme nini, na kwa mara ya kwanza maishani mwangu sikuwa na jina la kumpa.

"Amejikojolea," mama akasema, kwa furaha ambayo sijawahi kuisikia kwenye neno lile.

Wifi akaruka kumchukua akambadilishe nepi. Mama hakumpa. Alimbadilisha mwenyewe, polepole, na hakuruhusu mtu amharakishe.