Tsiuri Aliposema “Kata” Mbele ya Marehemu

Saa nne asubuhi, katika kijiji cha milimani huko Racha, Tsiuri Khvedelidze anazunguka mbio meza ndefu yenye watu thelathini, akipanga sahani za maharagwe na mikate ya jibini. Yeye mwenyewe hajala tangu jana.

“Kwenye televisheni ulikuwa umenona, mama,” bibi mmoja anamchokoza. “Kuongoza filamu hakulipi?”

“Hakulipi, shangazi. Ninyi mnakula, mimi nanusa.”

Ana miaka 48. Kwa miaka 22 aliigiza jukwaani mjini Kutaisi, kwa mshahara ulioishia lari 900 kwa mwezi. Kwenye filamu walimpa kazi ileile kila mara: mke anayelia. Akachoka kulia kwa amri ya wengine, akaanza kuongoza filamu yake mwenyewe.

Miaka miwili imepita, limebaki tukio moja tu, la karamu. Lazima limalizike leo. Kesho mavuno ya zabibu yanaanza, na hapo hutampata mtu hata wa dawa.

Kosa lake ni moja, nalisema mimi niliyezaliwa bonde hilihili: amewawekea divai ya kweli. Mpe mtu wa Racha divai ya kweli uone kama ataigiza.

Mzee Ambrosi, mkuu wa meza, ameambiwa aseme maneno machache ya kuwakumbuka marehemu. Anasimama, wote wanasimama. Anamtaja mkewe. Anawataja majirani, mmoja baada ya mwingine. Watu wanadondosha divai kwenye mkate, fungu la marehemu, machozi yanawatoka. Mara trekta linapita barabarani likinguruma.

“Kata!” anaita Tsiuri.

Mzee anaweka glasi mezani.

“Binti, marehemu hawakatwi.”

Anachukua kofia yake. Viti vinasogezwa, watu wanaanza kuondoka, na filamu inaondoka nao.

“Miaka yote ile nilijua pa kutoa machozi,” Tsiuri ananiambia baadaye. “Pale sikujua hata niuweke wapi uso wangu.”

Anamkimbilia mzee langoni. “Nisamehe, baba. Nimekosa adabu.”

Ambrosi anamrudisha mezani na kumkabidhi glasi. Kwetu, aliyepewa glasi namna hiyo lazima ayaendeleze maneno.

“Malizia pale ulipotukatisha.”

Tsiuri anamtaja mama yake, Babutsa, aliyekuwa akifagia jukwaa ambalo bintiye aliigizia. Kisha yanamtoka asiyoyapanga: “Aliponiita hospitalini nilikuwa jukwaani. Nikamaliza mchezo kwanza. Nilipofika, alikuwa ameshafariki.”

Mzee anakunywa, wote wanakunywa. Watu wanarudi kukaa. Ndipo mpiga picha, Zaza, anakiri kwa sauti ya chini kwamba muda wote huo hakuzima kamera.

Mwezi Mei Tsiuri anataka kuionyesha filamu hapahapa kwanza, kwenye ukuta wa shule, ndipo aipeleke Tbilisi, mji mkuu. Wenzake wa mjini wanamshauri akitoe kipande anachomtaja mama yake. Kina dakika sita, wanasema, na hakuna mtazamaji atakayevumilia.

“Mama alinisubiri mimi,” anasema Tsiuri. “Na watazamaji watamsubiri.”